Betri za asidi: Namna ya kuziunganisha bila kuhatarisha macho, gari wala nyumba

Na Mwandishi Wetu

BETRI ya gari yenye volti 12 haimrushi mtu. Fundi hushika vichwa vyake viwili kwa mikono mikavu na asisikie chochote, na pengine hapo ndipo dharau inapoanzia. Umeme wa ukutani wenye volti 230 huogopwa na kila mtu, hata mtoto anayetambaa hukatazwa kuusogelea; betri iliyowekwa nyuma ya mlango au uvunguni mwa kitanda haiogopwi na yeyote.

Hata hivyo, betri hiyo hiyo ikiunganishwa kwa spana kutoka kichwa kimoja hadi kingine, huweza kutoa kwa muda mfupi mkondo unaozidi ampea 1,000. Spana hugeuka nyekundu na kung'ang'ania mahali ilipo kana kwamba imechomelewa, risasi ya kichwa huyeyuka, na kama kuna gesi iliyojikusanya karibu, betri hupasuka na kurusha tindikali usoni mwa aliyeiinamia. Kinachotakiwa kuogopwa, basi, ni wingi wa mkondo huo, gesi itokayo wakati wa kuchaji, na tindikali iliyomo ndani.

Makala haya yanaeleza namna ya kuunganisha betri za aina hiyo, iwe katika gari, katika mtambo mdogo wa umeme wa jua, au katika inverta ya nyumbani, na sababu za kila hatua. Sababu ni muhimu, kwa kuwa anayekariri hatua bila kujua sababu yake huiacha siku anapokuwa na haraka.

Kilichomo ndani ya boksi

Betri ya asidi na risasi ilibuniwa na Mfaransa Gaston Planté mwaka 1859, na mwaka 1881 Mfaransa mwenzake, Camille Faure, akaiboresha kwa kuyapaka mabamba yake rojo la oksidi ya risasi. Kanuni yake haijabadilika tangu hapo. Bamba la risasi na bamba la oksidi ya risasi huzamishwa katika tindikali ya salfuriki iliyochanganywa na maji. Kila seli hutoa takriban volti 2, na seli sita zikifuatana hufanya betri ya volti 12.

Kwa usahihi zaidi, betri iliyojaa na kupumzika kwa saa kadhaa huonyesha volti 12.6 au 12.7 kwenye mita. Ikionyesha 12.2 imebaki nusu. Ikishuka hadi 11.8 imekwisha, hata kama redio bado inasikika. Betri ikiachwa katika hali hiyo kwa majuma, salfeti ya risasi hugandamana juu ya mabamba na haiyeyuki tena kwa kuchajiwa. Betri nyingi zinazosemwa kuwa zimekufa kwa uzee zilikufa kwa njaa.

Si betri zote zilizoundwa kwa kazi moja. Ya gari ina mabamba mengi membamba, ili itoe mkondo mkubwa kwa sekunde chache za kuzungusha stata, kisha ijazwe upya na injini. Ile inayouzwa kwa ajili ya sola ina mabamba manene yanayostahimili kutumiwa taratibu usiku kucha. Anayeweka betri ya gari kuendesha taa na televisheni hafanyi kosa la hatari, lakini anafanya kosa la gharama, maana haitamaliza muda aliotarajia.

Gesi isiyoonekana wala kunuka

Betri ya maji inapokaribia kujaa, sehemu ya umeme unaoingia huyapasua maji kuwa haidrojeni na oksijeni. Kwa betri ya volti 12 hali hiyo huanza kushika kasi chaja inapofikia takriban volti 14.4. Haidrojeni haina rangi wala harufu, na ikifikia asilimia 4 tu ya hewa iliyopo, cheche moja inatosha kuilipua. Cheche hiyo yaweza kutoka kwenye swichi, sigara, koroboi, jiko la mkaa, au kwenye kibanio cha waya kilicholegea juu ya betri yenyewe.

Katika vituo vya biashara vijijini, ambako kwa miaka mingi watu wamepeleka betri zao kuchajiwa kwa malipo, chumba cha kuchajia mara nyingi huwa ni kibanda kidogo chenye mlango mmoja, na usiku mlango huo hufungwa kwa kuhofia wezi. Hapo ndipo penye hatari kuliko mahali pengine popote panapotajwa katika makala haya. Haidrojeni ni nyepesi kuliko hewa, hivyo hupanda darini. Tundu la kuitoa lazima liwe juu, karibu na paa, na jingine liwe chini ili hewa safi iingie. Dirisha la katikati ya ukuta husaidia kidogo tu.

Kwa sababu hiyo hiyo, inverta au kidhibiti cha chaji hakifungwi juu ya betri, bali kando yake, kwani vyombo hivyo vina vipande vinavyotoa cheche. Kabati la betri lisizibwe. Nayo betri inayotoa harufu ya yai viza wakati wa kuchajiwa inachajiwa kupita kiasi: chaja izimwe kwanza kutoka ukutani, chumba kipepewe, ndipo waya zishikwe. Kuchomoa vibanio vya chaja inayofanya kazi ni kutengeneza cheche mahali ambapo gesi ni nyingi kuliko kwingine.

Betri zilizofungwa, ambazo wengi huziita betri kavu, hutoa gesi kidogo sana kwa kuwa hurudishwa kuwa maji ndani kwa ndani. Lakini nazo zina vali ya usalama, na zikichajiwa kwa volti nyingi mno, vali hiyo hufunguka na gesi hutoka kama kwingineko.

Chanya kwanza, hasi mwisho

Kabla ya kushika spana, vua pete, saa na mkufu. Pete ya dhahabu iliyogusa kichwa cha chanya na bodi ya gari kwa wakati mmoja huunguza kidole hadi mfupani kabla mwenyewe hajatambua kinachotokea. Zungushia mpini wa spana utepe wa umeme, ubakize mdomo wake tu. Vaa miwani ya kukinga macho. Hata ile ya kawaida ni bora kuliko macho matupu.

Katika magari karibu yote ya leo, hasi ya betri imefungwa kwenye bodi. Maana yake ni kwamba chuma chochote cha gari ni kichwa cha hasi. Ukianza kulegeza chanya wakati hasi bado imefungwa, na spana yako ikagusa bodi, umefunga njia fupi ya umeme kwa mkono wako mwenyewe. Ukiwa umekwisha kuondoa hasi, spana ikigusa bodi hakuna kitakachotokea. Hivyo wakati wa kutoa betri, hasi hutangulia. Wakati wa kuifunga, chanya hutangulia na hasi huja mwisho.

Kugeuza chanya na hasi ni kosa linaloua vyombo mara moja. Dayodi za alternata huungua, na inverta nyingi huungua kabla fyuzi haijakatika. Usiamini rangi ya waya pekee. Fundi aliyetangulia huenda aliishiwa waya mwekundu akatumia mweusi pande zote mbili. Pima kwa mita, au tazama alama za kujumlisha na kutoa zilizochongwa kwenye betri yenyewe.

Vichwa visuguliwe kwa brashi ya waya hadi ving'ae, vibanio vikazwe, kisha vipakwe mafuta mazito ya kuzuia kutu juu ya kiungo kilichokwisha kukazwa. Kiungo kilicholegea huwa na ukinzani, ukinzani huzaa joto, na moto mwingi unaosingiziwa betri huanzia kwenye kibanio ambacho hakikukazwa.

Kuwasha gari kwa betri ya jirani

Hili, ambalo mafundi huliita kubusti, hufanywa kila siku barabarani, na mara nyingi hufanywa vibaya. Hakikisha magari yote mawili yana volti sawa, hayagusani, na yamezimwa. Waya mwekundu huanza kwenye chanya ya betri iliyokufa, kisha chanya ya betri nzima. Waya mweusi huanza kwenye hasi ya betri nzima. Ncha yake ya mwisho haiendi kwenye betri iliyokufa, bali kwenye chuma kitupu cha injini ya gari lililozima, mbali na betri. Kiungo cha mwisho ndicho kinachotoa cheche, na shabaha ni cheche hiyo itokee mahali pasipo na gesi. Gari likishawaka, waya huondolewa kwa mpangilio uliogeuzwa.

Mfululizo na sambamba

Hapa ndipo fedha nyingi hupotea. Betri huunganishwa kwa njia mbili. Katika mfululizo, chanya ya moja hufungwa kwenye hasi ya nyingine; volti hujumlishwa na ampea-saa hubaki zile zile. Katika sambamba, chanya hufungwa na chanya na hasi na hasi. Ampea-saa hujumlishwa na volti hubaki zile zile.

Chukua betri nne, kila moja ikiwa na volti 12 na ampea-saa 100. Zote zikiwa sambamba, unapata volti 12 na ampea-saa 400. Zikiwa mbili mbili katika mfululizo, kisha jozi hizo sambamba, unapata volti 24 na ampea-saa 200. Zote zikiwa katika mfululizo, volti 48 na ampea-saa 100. Nishati iliyomo ni ile ile katika hali zote tatu, yaani wati-saa 4,800, na kwa kuwa si vizuri kuishusha betri ya asidi chini ya nusu, mwenye busara huhesabu kuwa ana 2,400.

Kinachobadilika ni mkondo. Chombo cha wati 1,000 huvuta ampea 83 kutoka betri za volti 12, bila kuhesabu zinazopotea ndani ya inverta. Kwa volti 24 huvuta 42, na kwa volti 48 huvuta 21. Mkondo ukipungua kwa nusu katika waya ule ule, joto linalopotea ndani ya waya huo hupungua hadi robo. Hii ndiyo sababu mtambo unaozidi taa chache na televisheni unastahili volti 24, ingawa muuza duka atakuambia kuwa vifaa vya volti 12 ndivyo alivyo navyo.

Betri zinazounganishwa ziwe za aina moja, ukubwa mmoja na umri mmoja. Katika mfululizo, betri dhaifu huisha mapema na wenzake huendelea kuisukuma mkondo hadi seli zake hugeuka. Wakati wa kuchaji, ile nzima hujaa kwanza na kuanza kuchemka huku nyingine ikiwa bado na kiu. Katika sambamba, iliyo mbovu hunyonya nzima usiku na mchana. Kuongeza betri mpya moja juu ya tatu za miaka minne ni kununua betri ya nne iliyochakaa kwa bei ya mpya. Na betri za litiamu, ambazo sasa zimeenea madukani, zisichanganywe kamwe na za asidi; kanuni zao za kuchaji ni tofauti.

Kabla ya kuzifunga sambamba kwa mara ya kwanza, kila moja ichajiwe peke yake hadi ijae. Iliyojaa ikifungwa na iliyo tupu, mkondo mkubwa hukimbia kutoka moja kwenda nyingine bila kitu cha kuuzuia.

Jambo jingine lisilozingatiwa ni mahali waya wakubwa wanapotokea. Mafundi wengi huzipanga betri nne sambamba, kisha huchukua chanya na hasi zote mbili kwenye betri ya kwanza. Betri hiyo hufanya kazi kuliko wenzake, kwa sababu mkondo wa nyingine hupitia vipande zaidi vya waya ambavyo, japo ni vifupi, vina ukinzani. Baada ya mwaka ya kwanza imekufa na ya mwisho iko kama ilivyonunuliwa. Dawa yake haigharimu chochote: chanya itoke kwenye betri ya kwanza, hasi itoke kwenye ya mwisho. Waya za kuunganishia betri ziwe na unene na urefu unaolingana.

Madereva wa malori wana mazoea yao pia. Malori na mabasi makubwa hutumia volti 24 kutoka betri mbili za volti 12. Redio ya kawaida inahitaji 12, basi waya wake huchomekwa katikati, kwenye betri moja tu. Betri hiyo huishiwa kila siku, na alternata, isiyojua kinachoendelea, huijaza jozi nzima. Moja hubaki na njaa na nyingine huchemshwa. Kuna vifaa vya kupunguza volti 24 kuwa 12 kwa kazi hiyo hiyo, na bei yake haifikii ya betri mbili za lori.

Fyuzi, na kwa nini karatasi ya sigara si fyuzi

Fyuzi haiwekwi ili kulinda redio. Inalinda waya usiwake moto. Kwa hiyo mahali pake ni karibu kabisa na kichwa cha chanya, katika umbali usiozidi sentimita 20 hivi inapowezekana, kwani kipande chochote cha waya kilicho kati ya betri na fyuzi hakina ulinzi. Fyuzi iliyowekwa mwisho wa waya, jirani na taa, haitafanya lolote panya akiguguna waya darini. Ukubwa wake uzidi mkondo wa kawaida wa vyombo lakini usizidi mkondo ambao waya unaweza kuubeba. Betri zikiwa sambamba, kila msururu uwe na fyuzi yake.

Fyuzi iliyokatika mara mbili ina jambo inalolisema. Anayeziba nafasi yake kwa karatasi ya fedha ya pakiti ya sigara, msumari, au uzi wa shaba, ameinyamazisha, na kosa lililoikata bado lipo.

Swichi za kukata umeme za nyumbani, zilizotengenezwa kwa umeme wa gridi, zisitumike bila kuhakiki kwamba zimeandikwa kuwa zinafaa pia kwa mkondo mnyoofu. Umeme wa gridi wenye hezi 50 hupita sifuri mara 100 kwa sekunde, na hapo cheche ndani ya swichi hupata nafasi ya kuzimika. Mkondo wa betri haupiti sifuri. Cheche ikishawaka huweza kuendelea kuwaka hadi swichi yenyewe iyeyuke.

Kuhusu unene wa waya, hesabu moja yatosha kuonyesha. Taa na televisheni zinavuta ampea 8 kwa volti 12, na betri iko mita 10 kutoka vilipo vyombo. Umeme huenda na kurudi, hivyo waya ni mita 20. Kwa waya wa shaba wa milimita za mraba 2.5, volti 1.1 hupotea njiani, karibu sehemu ya kumi ya zote. Kwa waya wa milimita za mraba 6 hupotea chini ya nusu volti. Mwenye nyumba atalalamika kuwa betri ni mbovu, kumbe waya wake ndio unaokunywa umeme. Kusogeza betri karibu na vyombo ni nafuu kuliko kununua shaba.

Paneli huja baadaye

Katika mtambo wa jua, kidhibiti cha chaji hufungwa kwanza kwenye betri, kisha kwenye paneli, na vyombo mwisho. Paneli ya mtambo wa volti 12 isiyofungwa kitu hutoa takriban volti 21 juani, na baadhi ya vidhibiti huharibika vikipokea volti hizo bila betri ya kuzituliza. Aidha, kidhibiti huisoma betri kwanza ili kujua kama mtambo ni wa 12 au 24. Wakati wa kufungua, paneli hutangulia kutolewa. Ikibidi ifunikwe kwa blanketi.

Tindikali

Jina la maji ya betri lina utata wa hatari, kwa kuwa wengine huliita hivyo lile la tindikali na wengine lile la kuongezea. Betri inayopungua hupungua maji, tindikali hubaki ndani. Kinachoongezwa ni maji yaliyokenekwa tu, yasiyo na chumvi wala madini, na huongezwa betri ikishajaa chaji, hadi juu kidogo ya mabamba au kwenye alama. Ya bomba au kisima huacha madini. Kuongeza tindikali ili kuifufua betri huipa nguvu ya siku chache na kuyala mabamba. Anayelazimika kuchanganya tindikali mpya huimimina ndani ya maji kidogo kidogo. Maji yakimiminwa juu ya tindikali huchemka ghafla na kuiruka.

Ikiingia machoni, oshwa kwa maji safi mengi yanayotiririka kwa dakika 15 au zaidi, kisha hospitali, bila kusubiri kuona kama maumivu yatapungua. Nguo iliyolowa ivuliwe. Iliyomwagika sakafuni hutulizwa kwa soda ya kuokea iliyokorogwa kwenye maji. Si magadi soda ya kutengenezea sabuni, ambayo nayo huunguza.

Yapo maneno ya zamani kwamba betri ikiwekwa juu ya saruji, saruji hunyonya chaji. Maboksi ya leo ni ya plastiki, na sakafu haiyanyonyi kitu. Weka chini yake sinia la plastiki hata hivyo, kwa ajili ya matone.

Betri inapokwisha

Betri chakavu haivunjwi nyumbani ili kutoa risasi ya kuuza au kutengenezea uzito wa nyavu. Huko Thiaroye-sur-Mer, pembezoni mwa Dakar, watoto 18 walikufa kati ya Novemba 2007 na Machi 2008 mahali ambapo betri zilikuwa zikivunjwa na udongo wenye risasi kuchekechwa majumbani. Katika mtaa wa Owino Uhuru mjini Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri kilichofungwa mwaka 2014 kiliacha risasi katika damu za wakazi. Phyllis Omido, aliyeongoza madai yao, alipewa Tuzo ya Mazingira ya Goldman mwaka 2015, na mwaka 2020 mahakama ya mazingira na ardhi iliamuru wakazi walipwe shilingi bilioni 1.3 za Kenya. Shauri hilo liliendelea katika mahakama za juu.

Wauzaji wengi wa betri hupokea ya zamani na kupunguza bei ya mpya. Ipelekwe ikiwa nzima na imesimama wima, tindikali ikiwa ndani yake, na vichwa vimefunikwa kwa utepe, kwa maana hata betri isiyoweza tena kuwasha gari huwa na mkondo wa kutosha kuyeyusha waya mwembamba.